Msafiri Kafiri: Machoni pa Nani?

Siku hizi "msafiri kafiri" imegeuzwa cheti cha ruhusa. Anayekunywa ugenini alichokikataa kwao huitaja. Anayeiacha swala, au ibada ya Jumapili, kwa kuwa yuko njiani huitaja. Katika kambi ya wakimbizi ya Dzaleka nchini Malawi, ambako Kiswahili cha Fizi, cha Uvira na cha Bujumbura hukutana kwenye bomba moja la maji, husemwa juu ya mtu aliyebadili kanisa au msikiti baada ya kuvuka mpaka: mwacheni, msafiri kafiri. Tena umezuka utumizi wa pili, wenye sauti ya usomi, unaopendwa kwenye vikao vya maelewano ya dini: sote duniani ni wasafiri, basi sote ni makafiri kwa namna fulani, basi dini zote ni moja, na anayeshikilia kuwa yake ndiyo ya kweli ndiye mvuruga amani. Utumizi wa kwanza unamdharau msafiri, wa pili unaidharau imani. Kosa lao ni moja: wote hudhani methali inatoa habari za moyo wa msafiri, kana kwamba aliyeitunga alikuwa amekaa ndani ya moyo huo.

Tuanze na methali ndugu yake: msafiri maskini, ajapokuwa sultani. Hakuna aliyewahi kuifasiri kwamba sultani akipanda jahazi hazina yake huyeyuka, wala kwamba safari humhalalishia kuombaomba. Hazina iko palepale. Ila mji aliofikia haumjui, mwenye duka hamkopeshi, na bawabu humsimamisha kama amsimamishavyo yeyote. Umaskini wake umo machoni pa wenyeji, na ukafiri wa mwenzake nao umo humohumo. Mtu aweza kuwa amefunga na kuswali tangu utotoni, au amekuwa shemasi nusu ya umri wake. Akishushwa kwenye lori asikojulikana, hana jirani wa kusema "huyu tunamjua". Zaidi ya hapo, iko sheria ya dini iliyowalea Waswahili wa pwani. Uislamu humruhusu msafiri kuipunguza swala ya rakaa nne iwe mbili, na kuichelewesha saumu ya Ramadhani ailipe baadaye. Ruhusa hiyo hupewa muumini, kwani kafiri hana swala ya kupunguza. Watu waliofundishwa hayo chuoni tangu wadogo wasingemwita kafiri mtu anayeitii sheria. Atakayesema kwamba pwani methali hii huonya pia kuwa msafiri hana ahadi, leo yupo kesho hayupo, hakukosea. Lakini hata hapo mlalamikaji ni mwenyeji, na analolalamikia ni kwamba hana njia ya kumpima mgeni.

Ndiyo maana methali hii ina uzito wa pekee Dzaleka. Kambi hiyo iko wilaya ya Dowa, zaidi ya kilomita 40 kaskazini mwa Lilongwe. Ilifunguliwa mwaka 1994 ikiandaliwa kwa watu kati ya 10,000 na 12,000, na sasa ina zaidi ya 50,000, wengi wao kutoka Kongo, Burundi na Rwanda. Mwaka huohuo wa 1994, katika mauaji ya kimbari, Rwanda ilitoa ushahidi ambao Mkristo hana ruhusa ya kuuruka. Watu walikimbilia makanisa ya Ntarama, Nyamata na Nyarubuye wakiamini kwamba mwenye imani yao hatawaua mbele ya madhabahu, wakauawa humo. Katika mtaa wa Biryogo mjini Kigali, Waislamu wengi waliwaficha majirani zao. Wapo Waislamu walioshiriki mauaji, na wapo mapadri na wachungaji waliokufa wakiwakinga watu. Hesabu ya wema haikugawanywa kwa dini. Hata hivyo, Mkristo aliyefundishwa kwamba mwenye dini nyingine hana nuru yoyote atayaelezaje ya Biryogo? Akisema ni bahati tu, amekataa kusikiliza shahidi. Akisema basi dini zote ni sawa, amerukia hukumu ambayo shahidi hakuitoa, kwa sababu hakuna aliyeombwa abadili shahada yake ndipo afungue mlango.

Hapa ndipo mhubiri mwenye msimamo atakaponijibu kwamba nimemkaribisha shetani sebuleni: Kristo ni njia, na kusifu wema wa wengine ni kuwachanganya waumini. Namheshimu mhubiri huyo kuliko msemaji wa "dini zote ni moja", kwani yeye angalau anaamini kitu. Lakini na amtazame Bwana wake mwenyewe. Katika Luka 10, aliyesimama kumhudumia majeruhi wa njia ya Yeriko alikuwa Msamaria, tena yuko safarini. Kwa waliokuwa wakisikiliza, huyo ni msafiri kafiri neno kwa neno: mtu wa njiani, mwenye ibada iliyoharibika. Kuhani na Mlawi, ambao imani yao ilikuwa sahihi, walipita kando. Je, Yesu aliona ibada ya Wasamaria haina kasoro? Hata kidogo. Katika Yohana 4, kando ya kisima, alimwambia mwanamke Msamaria waziwazi kwamba watu wake hawakijui wanachokiabudu, na kwamba wokovu unatoka kwa Wayahudi. Kinywa kilichokosoa dini ya Wasamaria ndicho kilichomfanya Msamaria kuwa kielelezo. Kwake ukweli wa mafundisho na haki ya jirani yalikuwa mambo mawili yasiyouana. Sisi ndio tuliofundishwa na makundi ya WhatsApp, yenye video za mabishano ya wahubiri na masheikh zinazokatwa mahali pa kushangilia, kwamba lazima tuchague moja.

Mfano ulio bora kuliko yote ya semina zetu umetokea upande huuhuu wa dunia. Kwa mujibu wa sira ya Mtume Muhammad, yapata mwaka 615 kundi la Waislamu walioteswa Makka lilivuka Bahari ya Shamu hadi Habasha, kwa mfalme Mkristo aitwaye Najashi. Makureshi, watawala wa Makka, wakatuma wajumbe na zawadi, warudishiwe watu wao. Wajumbe walidai kwamba wageni hao wameacha dini ya wazee wao, wala hawakuingia dini ya mfalme: hawana kwao wala kwake. Ni maneno ya "msafiri kafiri" yaliyovishwa joho la ubalozi. Najashi hakuwarudisha, wala hakuamua kwa yale aliyoambiwa juu yao. Aliwaita waseme wenyewe, na msemaji wao, Jaafar bin Abi Talib, akaeleza imani yao. Kesho yake mmoja wa wajumbe, Amr bin al-As, alirudi na mtego mkali zaidi: waulizwe wanasema nini juu ya Isa. Hapo mkimbizi wa leo angeshauriwa alainishe maneno ili apate hifadhi. Jaafar alimweleza mfalme Mkristo kwamba kwao Isa ni mja wa Mungu na mtume wake, neno lake na roho itokayo kwake. Hakusema Mwana wa Mungu. Hifadhi ikabaki, zawadi zikarudishwa. Tofauti ya imani ilitamkwa barazani, na mwenyeji hakuifanya sababu ya kumfukuza mgeni.

Kanisa Katoliki lilichukua karne nyingi kuliandika jambo hilo kwa lugha ya mtaguso. Tamko la Nostra Aetate la Oktoba 1965 lilikiri kwamba yaliyo ya kweli na matakatifu katika dini nyingine hayakataliwi. Na mwaka 2000 Kanisa hilohilo likatoa Dominus Iesus, likisisitiza upekee wa Kristo kwa ukali uliowaudhi wengi. Wapo wanaoona kwamba hati ya pili iliifuta ya kwanza. Mimi naona zinapaswa kusomwa kama Luka 10 na Yohana 4. Wakristo, kati ya watu wote, wangepaswa kuwa wepesi kuelewa: wao wenyewe Warumi waliwaita wasiomjua mungu, kwa kuwa hawakuchinjia miungu ya mji.

Malawi nayo ina mfano wake. Dzaleka, kabla ya kuwa kambi, ilikuwa gereza la wapinzani wa Rais Kamuzu Banda. Maaskofu Wakatoliki waliposoma waraka wao wa kichungaji wa kuukosoa utawala huo Machi 1992, Wapresbiteri, Waanglikana na Waislamu waliungana nao katika kamati iitwayo Public Affairs Committee, na kura ya maoni ya Juni 1993 ikaleta vyama vingi. Hakuna mjumbe aliyetakiwa kuacha kipaimara au shahada mlangoni. Waliofanya kazi hiyo walikuwa watu wa dini kwelikweli, wala si watu waliochoshwa na dini.

Anayeng'ang'ania kwamba amani itakuja dini zikishakuwa moja ana deni la kueleza ya Lilongwe mwaka 2023. Machi mwaka huo serikali iliagiza wakimbizi wanaoishi nje ya kambi warudi Dzaleka, na Mei polisi wakaanza kuwakamata. Maduka yakafungwa, familia zikapakiwa kwenye magari. Sababu zilizotajwa zilikuwa usalama na biashara. Wakristo ni zaidi ya robo tatu ya Wamalawi, na wengi wa waliopakiwa walikuwa Wakristo vilevile, wenye Biblia ileile na ubatizo uleule. Wachewa wana methali yao, mlendo ndiye adza ndi kalumo kakuthwa, yaani mgeni ndiye ajaye na wembe mkali, na maana yake ni kwamba msaada ulioukosa nyumbani huenda umo mkononi mwake. Methali hiyo haikuuliza kwanza mgeni huyo anasali wapi.