Betri za Shosho

Shosho wangu kule Othaya alikuwa na njia yake ya betri. Redio ikianza kukohoa, alizitoa akazianika juani, zikapata nguvu ya siku mbili hivi. Zikikata kabisa, alizitumbukiza chooni, kwenye shimo. Hakuna aliyemwona mkosaji.

Mimi najua zaidi, ama nadhani najua. Chuo niliacha njiani, lakini tabia ya kusoma sheria sikuiacha. Sheria ya usimamizi wa taka ya 2022 inataka taka hatari zitengwe na zingine. Basi nikatenga. Chini ya kitanda changu hapa Skuta, mjini Nyeri, kuna mkebe wa rangi: betri za rimoti, za tochi, na mbili za simu zilizofura, ambazo zinaweza kushika moto nikiwa nimelala. Gari la taka likija, mifuko yote inarushwa pamoja. Kwa hivyo mkebe haushuki.

Sasa, mimi ni mwema kuliko shosho?

Fikiria Owino Uhuru, Mombasa. Pale betri kuukuu za magari ziliyeyushwa ili madini ya risasi yatumike tena. Kwa maneno, huko ni kuokoa mazingira. Kumbe risasi iliingia kwenye damu ya watoto wa jirani. Phyllis Omido, aliyefanya kazi kiwandani humo na mtoto wake akaugua, alianza kupigana. Mwaka 2020 mahakama iliwapa wakazi fidia ya shilingi bilioni 1.3. Rufaa ikafuata, na ni Desemba 2024 tu ambapo Mahakama ya Juu iliirudisha.

Wenye magari waliotoa zile betri pengine walijiona safi. Hawakutupa ovyo. Hapo ndipo naogopa: kutoa kitu kwangu si kukimaliza. Kinaenda kwa mtu.

Kanuni za 2024 zinamtaka mwenye kutengeneza au kuingiza bidhaa nchini abebe mzigo wake hadi mwisho, betri zikiwemo. Nikabeba mkebe hadi dukani niliponunua. Jamaa akacheka. "Kijana, mimi huuza betri, siziziki."

Nilirudi nao. Lakini shosho hakuwa na wa kumuuliza, mimi ninaye. Kila nikinunua mpya, namuuliza: zikiisha nirudishe wapi? Ameanza kunichoka. Juzi aliniambia, bila kucheka, kwamba atamuuliza anayemletea.