Kamera Ndani ya Pango la Kitum

Mlima Elgon una pango liitwalo Kitum upande wa Kitale. Usiku ndovu huingia humo wakipapasa njia kwa mkonga, kisha huchimba mwamba wenye chumvi kwa pembe zao. Mwaka 2002 BBC iliwaonyesha katika mfululizo wa The Life of Mammals, kwa kamera za infraredi, ambazo mwanga wake jicho la ndovu haliuoni. Je, ni halali kumchungulia kiumbe asiyejua kwamba anaonekana?

Zamani swali lilikuwa la damu. Mwaka 1903 kampuni ya Edison ilirekodi ndovu Topsy akiuawa kwa umeme huko Coney Island. Mwaka 1909, Theodore Roosevelt, aliyekuwa rais wa Marekani, akiwinda Kenya, mtengenezaji filamu William Selig wa Chicago alifanya simba mzee apigwe risasi mbele ya kamera, akawauzia watu filamu hiyo kama uwindaji wa Afrika. Makosa yalikuwa mawili: uhai uliotolewa kwa ajili ya picha, na uongo. Kosa la kwanza Uingereza ililiwekea sheria mwaka 1937. La pili lilidumu: katika White Wilderness ya mwaka 1958, panya wadogo wa nchi za baridi walisukumwa majini ili waonekane wanajiua, na filamu ikapata Oscar.

Dini nazo zina la kusema juu ya swali hili. Kitabu cha Mwanzo kinampa binadamu mamlaka juu ya wanyama. Qurani, katika sura ya Al-An'am, inawahesabu kuwa umma kama wanadamu. Mwenye mamlaka huulizwa ametenda nini. Umma, kwa upande wake, una heshima yake hata pasipo madhara, na hapo ndipo inapopata nguvu hoja ya Brett Mills, msomi wa Uingereza, aliyeandika mwaka 2010 kwamba wanyama nao wana haki ya faragha. Hata hivyo, ndovu wa Kitum haoni aibu ya kutazamwa. Aliyemdhuru ni jangili wa miaka ya 1980.

Kuna aliyedhulumiwa zaidi. Mpelelezi Joseph Thomson alipofika Elgon mwaka 1883 aliwakuta watu wakiishi mapangoni pamoja na ng'ombe wao, na Wasabaot, wenyeji wa mlima huo, wamechota chumvi humo kwa ajili ya mifugo tangu zamani. Filamu nyingi za wanyamapori humwondoa mwenyeji kwenye picha, pori lionekane halina mtu. Huo ni uongo wa Selig kwa sura nyingine, na uzito wake unazidi ule wa kuchungulia gizani.