Deni Ambalo Filamu Hailipi

Songea tunaitaja kila siku: kwenye tiketi za basi, kwenye magunia ya mahindi. Wangapi tunakumbuka kwamba ni jina la mtu? Nduna Songea Mbano alinyongwa na Wajerumani mwaka 1906, wakati wa Vita vya Maji Maji. Ukoo wake unaamini kichwa chake kilikatwa kikapelekwa Ujerumani, nao wanakitafuta.

Cece Mlay na Agnes Lisa Wegner waliwafuata katika filamu yao ya mwaka 2024, The Empty Grave, pamoja na familia nyingine ya Meru yenye msiba kama huo. Nilipoitazama nilijiuliza: hivi ni haki kumwekea kamera mtu anayemlilia babu yake?

Nadhani inategemea filamu inamwachia nani kazi. Ikituliza, tukafuta machozi, tukaenda zetu kula chipsi, basi msiba wa watu umegeuzwa burudani. Hii haitupi nafuu hiyo. Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alifika Songea akaomba radhi. Ni jambo kubwa, sikatai. Lakini radhi haizikwi, na picha nayo haizikwi.

Kwa hiyo mwongozaji hakulipa deni, wala sidhani alijidai kulilipa. Amelisoma kwa sauti mbele ya wote wanaodaiwa. Na mimi nimo: miaka yote nimesema "naenda Songea" bila kuuliza Songea mwenyewe yuko wapi.