Gundu lenye ratiba

Jirani yetu muuza vitenge, upande huu wa Mnazi Mmoja unaoelekea Kariakoo, ameshauriwa aoge maji ya chumvi ya mawe. Ana gundu, wamesema. Kila akijivuta kidogo, pesa zinamkauka kwa mpigo: mara vijumbe wawili wa michezo ya upatu wanadai asubuhi moja, mara kijumbe na yule mtu wa marejesho, na kuna siku walimsimamia mezani wote watatu kabla hajauza hata doti moja. "Kaka yangu, hawa wanapanga kunijia," aliniambia. "Kuna mtu kanifunga."

Nilimwomba anitajie siku zake za kulipa. Mchezo mmoja anatoa kila baada ya siku nne, mwingine kila baada ya siku kumi, na mkopo, ule tunaouita kausha damu, ni kila Jumatatu. Vyote alivianza Jumatatu moja, siku aliyopata meza. Nikachana kipande cha boksi nikaandika. Nne na kumi zinakutana kila siku ya 20. Nne na saba, kila siku ya 28. Saba na kumi, kila siku ya 70. Zote tatu, siku ya 140. Akafungua daftari lake, akahesabu kurudi nyuma, akakaa kimya kidogo. "Kwa hiyo siku yao ya kuja inajulikana?"

Inajulikana, dada. Ni KDS, kigawe kidogo cha shirika, ile tuliyochapiwa viboko shule ya msingi. Vitabu vilituuliza kengele tatu zitalia pamoja baada ya dakika ngapi, na hakuna aliyetuambia kwamba ukubwani kengele hizo zitakuwa wadai. Tazama pia kwamba nne mara kumi ni 40, lakini vijumbe wake wanakutana siku ya 20, kwa sababu nne na kumi zote zinagawanyika kwa mbili. Anayezidisha tu atajiandaa kwa siku ya 40 wakati ya 20 imeshamnyoosha.

Utamu wenyewe uko hapa. Kijumbe wa siku nne akikubali kusogeza tarehe zake kwa siku moja tu, yeye na yule wa siku kumi hawatakutana tena milele, maana mmoja ataangukia daima siku shufwa na mwenzake siku witiri. Na wawili hao wasipokutana, basi watatu wote ndiyo kabisa. Saba ni mkaidi. Haina kigawo cha pamoja na nne wala kumi ila moja, hivyo usogeze utakavyo, mtu wa marejesho atamkuta kila kijumbe kwa wakati wake. Huyo dawa yake ni kumwekea akiba mapema.

Najua utaniambia hesabu haileti hela. Kweli, na chumvi nayo haimletei mtu hela. Lakini anayejua wiki tatu kabla kwamba Jumatatu fulani ni ya wawili, hatanunua jora jipya Jumamosi ya kabla yake. Utasema pia maisha hayaendi kwa kigawe. Hapo nakubaliana nawe kuliko unavyodhani. Soko kuu la Kariakoo lilipoungua Julai 2021, hakuna KDS iliyolitaja. Lile ndilo janga, na waliopoteza mali mle wana haki ya kulilia bahati yao. Ndiyo maana inaniudhi tukiliita balaa jambo ambalo mtoto wa shule ya msingi angeliandikia tarehe.

Mwaka 2026 Kwaresma na Ramadhani zilianza wiki moja ya Februari, na kila kijiwe cha kahawa kilikuwa na mtu anayesema ni ishara. Huenda. Ila mwaka wa Kiislamu una siku 354 au 355, unarudi nyuma kama siku 11 kila mwaka wa kalenda ya ukutani, na kwa takriban miaka 33 unakuwa umeizunguka yote. Waagizaji wa tende na kanzu wa Kariakoo hawangoji ishara. Mzigo wao unapakiwa miezi kabla.

Hata dawa za mtoto ni hesabu ileile. Ukipewa moja ya kila saa sita na nyingine ya kila saa nane, ukaanza zote saa 12 asubuhi, ya kwanza inarudi saa 6 mchana, saa 12 jioni na saa 6 usiku. Ya pili saa 8 mchana na saa 4 usiku. Zinakutana tena saa 12 asubuhi ya kesho yake. Mama aliyeandika hivyo ukutani anajua usiku ataamka mara ngapi, na baba anajua zamu yake ni ipi (kama anayo).

Kijumbe wa siku nne amekataa kusogeza. Anasema wanachama watachanganyikiwa. Sijui watachanganyikiwa na nini zaidi ya hivi walivyo. Vijumbe wanaandika majina, viwango na zamu za kupokea, basi. Kabla ya kumwingiza mtu mchezoni wamuulize analipa wapi kwingine, na siku zipi, waandike na hilo. Ni mstari mmoja wa daftari, na anayekataa kuuandika asije kumpigia mtu kelele mbele ya wateja wake siku ya 20.