Wahi Kabla ya Tingatinga

Unangoja nini? Mfadhili? Kamera ya mamilioni? Nyota wa kukuuzia filamu? Basi mtazame Jia Zhangke.

Alizaliwa mwaka 1970 huko Fenyang, mji mdogo wa mkoa wa Shanxi, China, nchi ya makaa ya mawe. Mwaka 1993 akaingia Chuo cha Filamu cha Beijing, akasomea nadharia, wala si uongozaji. Hakungoja mtu amwite mwongozaji. Mwaka 1997 akarudi kwao na kamera ya milimita 16, akapiga Xiao Wu, kisa cha kibaka anayeachwa nyuma na rafiki zake. Kibaka mwenyewe aliigizwa na Wang Hongwei, mwenzake wa chuoni, na wengi waliobaki hawakuwa waigizaji kabisa. Filamu ikafika tamasha la Berlin.

Nyumbani je? Haikuruhusiwa sinemani. Wala Platform, wala Unknown Pleasures. Filamu tatu ndefu, na jirani yako hawezi kukata tiketi! Wewe ungeacha. Yeye akatia utani: ndani ya Unknown Pleasures, mteja anamuuliza muuza diski za wizi kama anazo Xiao Wu na Platform. Kibali kilikuja na The World, mwaka 2004.

Kisha akaenda Fengjie, kando ya mto Yangtze, mji uliokuwa ukibomolewa kupisha bwawa la Three Gorges. Wanaume walikuwa wakivunja kuta kwa nyundo, naye akapiga filamu katikati yao. Mmoja wa wahusika wakuu aliigizwa na binamu yake Han Sanming, mchimba makaa wa kweli. Hiyo ndiyo Still Life, iliyotwaa Simba wa Dhahabu kule Venice mwaka 2006. Studio gani tajiri ingeweza kujenga mji mzima unaokufa?

Tena hakutupa kitu. Caught by the Tides ya mwaka 2024 imeshonwa kwa picha alizoanza kuzikusanya mwaka 2001. Zhao Tao, mkewe, anazeeka mbele ya macho yetu, na hakuna kipodozi kinachoweza kazi hiyo.

Sasa wewe, mwenye simu mfukoni. Lile soko lililopigwa alama ya X nyekundu ya kubomolewa, yule fundi anayefunga kibanda mwezi ujao: nenda leo. Omba ruhusa ya wenyewe, rekodi, andika tarehe, weka nakala mbili, na kesho urudi tena.