Urefu wa Jengo na Haki ya Mpita Njia

Mtu mwenye kiwanja katikati ya mji, mwenye fedha na mafundi, ana haki ya kupanda juu kiasi gani? Swali hili aghalabu huachiwa mhandisi, kwa kuwa yeye ndiye ajuaye uzito wa zege na nguvu ya nondo. Walakini mhandisi hujibu swali jingine: jengo laweza kupanda kiasi gani bila ya kuanguka. Uwezo ni jambo moja na haki ni jambo la pili, na mji unaoyachanganya mawili haya hujenga kwanza kisha huuliza.

Wanasheria wa Ulaya wa zama za kati walikuwa na kanuni kwamba mwenye ardhi ni mwenye kila kilicho juu yake hata mbinguni, na kila kilicho chini yake hata kuzimu. Kanuni hiyo ilitungwa katika miji ambayo nyumba ya mtu wa kawaida haikupita kimo cha mti mkubwa, na mbingu ilikuwa mali rahisi kudai kwa sababu hapakuwa na aliyeweza kuifikia. Kwetu sheria yasema vingine. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 imeweka kwamba ardhi yote ya Tanzania ni ya umma, naye Rais ni mdhamini wake kwa niaba ya wananchi. Mwenye hati hupewa haki ya kuikalia na kuitumia kwa muda usiozidi miaka 99. Ikiwa udongo wenyewe ni amana, hewa iliyo juu ya udongo haiwezi kuwa milki. Nadhani wajengaji wengi wangelikubali neno hili wakiulizwa barazani. Kwenye kiwanja hulisahau.

Sisi tukaao Morogoro tuna ushahidi ulio mkongwe kuliko sheria hiyo. Katika karne ya 19 Kisabengo, Mzigua aliyekusanya chini ya mkono wake watoro na watu waliokimbia kwao, alijenga mji wenye boma mbele ya milima ya Uluguru. Mji ule ulijulikana kwa jina la Simbamwene, ambalo ndilo jina la binti yake aliyemrithi. Stanley alipopita mwaka 1871, akienda kumtafuta Livingstone, aliukuta umezungukwa na ukuta, una minara minne ya mawe katika pembe zake, na malango manne yenye milango ya mbao ngumu iliyonakshiwa. Hayo ndiyo yaliyokuwa maghorofa ya zama zile. Mnara husema na mtu aliye mbali. Humwambia, kabla hajafika, mwenye mji ni nani na mgeni awe na adabu gani.

Kisabengo alikuwa na fahari nyingine iliyompendeza labda kuliko minara: mfereji mkubwa alioamuru uchimbwe ili tawi la mto Ngerengere lipite karibu na mji. Yeye alikufa kabla ya kuuona mwisho wake. Mwezi wa Aprili 1872, mwezi uleule ambao kimbunga kiliipiga Unguja, mvua kubwa zilishuka bara. Stanley alipokuwa akirudi pwani alikuta ukuta wa mbele umechukuliwa na maji, nyumba zimekwenda, na binti mtawala amekimbia. Kwa maelezo yake, mfereji uleule ndio ulioyaongoza maji mpaka mjini.

Simcheki Kisabengo. Mji hauishi bila ya maji, na mtu aliyeleta mto mlangoni pake alifanya kazi ya akili. Lakini aitaye nguvu kubwa kwake huiita nzima, na ile sehemu asiyoitaka huja pamoja na ile aitakayo. Tena watazame waliokaa nyuma ya ukuta ule. Wengi walikuja kutafuta kimbilio katika nchi iliyokuwa ikiliwa na biashara ya watumwa, ambayo bwana wao mwenyewe mikono yake haikuwa safi nayo. Waliuamini ukuta kwa sababu hawakuwa na pengine pa kuamini. Mfereji hawakuulizwa.

Hapa ndipo ninapoliona shina la jambo. Jengo kubwa lina watu wa namna mbili. Wako walioingia katika shauri lake kwa hiari: mwenye mali, mkandarasi, mhandisi, mpangaji atakayelipa kodi. Na wako ambao jengo limewaingilia: jirani aliyepoteza jua, mama auzaye maandazi kando ya uzio, mtoto apitaye kwenda chuoni. Hawa wa pili hawatapata shilingi jengo likisimama, ila jengo likianguka watapata fungu lao sawasawa na wengine, au kubwa zaidi.

Barabara itokayo kwetu kwenda pwani huishia katikati ya jiji la Dar es Salaam, nayo huko huitwa kwa jina letu, Barabara ya Morogoro. Karibu na barabara hiyo, katika mtaa wa Indira Gandhi, kata ya Kisutu, asubuhi ya Ijumaa tarehe 29 Machi 2013, jengo la ghorofa 16 lililokuwa bado likijengwa lilianguka lote. Watu 36 walikufa. Miongoni mwao walikuwamo mafundi na vibarua, na walikuwamo watoto waliokuwa wakicheza karibu. Viongozi walieleza kwamba kibali cha ujenzi kilikuwa cha ghorofa pungufu kuliko zile zilizojengwa. Watu kadhaa walikamatwa na kufikishwa mahakamani. Habari za mahakama nawaachia wenye elimu yake. Mimi nataka kufikiri juu ya namna ghorofa zisizo na ruhusa zinavyoweza kuzaliwa mbele ya macho ya mji mzima.

Hazizaliwi kwa siku moja. Mtu aliyeruhusiwa ghorofa kadhaa akizimaliza, huona jengo limesimama imara, halikutikisika, na wanunuzi wako mlangoni. Hujisemea kwamba lililobeba hizi litabeba moja zaidi. Akiijenga, na jengo lisianguke, ghorofa ile ya ziada hugeuka kuwa shahidi wa ghorofa ifuatayo. Kila hatua, ikitazamwa peke yake, ni ndogo mno kuitwa uovu. Hapana ghorofa ambayo mtu aweza kuinyoshea kidole na kusema kwamba hii ndiyo iliyoua. Wanafalsafa wa Uyunani walijua kitendawili cha lundo la nafaka: ukiondoa punje moja lundo hubaki lundo, basi ni punje ya ngapi iliyolifanya lisiwe lundo? Wao walicheza nacho. Nguzo haichezi, kwa kuwa yenyewe hujumlisha, hata kama wajengaji wamesahau hesabu. Ndiyo sababu kibali huwekwa kabla ya kazi kuanza. Thamani yake si kwamba aliyekitoa ana akili kuliko mjengaji, bali ni kwamba kimetolewa kabla ya tamaa kupata ushahidi wake.

Msomaji aweza kusema: basi tusijenge juu. Jibu hilo ni jepesi, na hapa Morogoro lina hatari yake. Nyuma ya mji wetu kilele cha Lupanga kimesimama mita 2,138 juu ya usawa wa bahari, na chini yake nyumba zimekwisha kuanza kupanda miteremko. Mji usiokwenda juu kwa ghorofa hutambaa, na kwetu pa kutambalia ni mlima. Mito ya Uluguru ndiyo inayoulisha mto Ruvu, na Ruvu ndiyo ambayo Dar es Salaam huinywa, hata yule akaaye ghorofa ya 20 anayedhani maji yake hutoka katika tangi la juu ya paa. Kwa hiyo nyumba ya chini iliyojengwa penye chemchemi yaweza kumdhuru mtu wa mbali kuliko mnara uliojengwa vema mjini. Hamna kutokuwa na hatia katika ufupi wa nyumba. Nami nakiri kwamba neno hili hunisumbua, maana moyo wangu huipenda nyumba ya chini yenye mwembe uani.

Wazee wa Uluguru walikuwa na kanuni ambayo naiona karibu na haki kuliko ile ya Ulaya. Ardhi ilikuwa ya ukoo, upande wa mama, na mgeni aliyeazimwa shamba aliweza kulima mahindi yake na kuvuna. Ila kupanda mti wa kudumu kulitaka idhini, kwa kuwa mti hukaa baada ya aliyeupanda na huleta madai kwa wasiozaliwa. Jengo la ghorofa ni mti wa namna hiyo. Wala idhini si kitu cha kupuuzwa na wenye elimu. Serikali ya kikoloni iliwalazimisha Waluguru kuchimba matuta ya ngazi katika miteremko yao ili kuzuia mmomonyoko. Nia ilikuwa na hoja, lakini mzigo wa jembe ulikuwa wa wengine. Mwaka 1955 ghasia zilizuka, mtu mmoja akauawa, na mpango ukaachwa. Pale palikuwa na maarifa bila ya ridhaa. Kisutu palikuwa na biashara bila ya utii kwa maarifa. Katika mambo yote mawili mwenye kubeba hatari hakuwamo barazani.

Wala ajali haiji kutoka juu peke yake. Tarehe 16 Novemba 2024 jengo la ghorofa lilianguka Kariakoo, sokoni, likaua watu zaidi ya 20; huko ilisemwa kwamba palikuwa pakichimbwa chini yake ili kuongeza nafasi ya maduka. Na Beit al-Ajaib ya Unguja, iliyojengwa na Sultani Barghash mwaka 1883, iliporomoka sehemu tarehe 25 Desemba 2020, ikaua watu wawili. Ile haikuongezwa ghorofa. Ilizeeka, na jengo refu lizeekapo huhitaji mtumishi kama mzee mwingine yeyote.

Lipo jambo dogo ambalo mji wetu ungaliweza kulianza bila ya gharama. Penye ujenzi husimamishwa bao lenye majina ya mwenye mali, mkandarasi na mshauri, kwa herufi ambazo mpita njia hazisomi wala hazimhusu. Na iandikwe hapo, kwa tarakimu kubwa kama za namba ya basi, idadi ya ghorofa zilizoruhusiwa. Muuza maandazi ajua kuhesabu, na mtoto wa darasa la pili ajua. Mwaka 2013 ghorofa zile 16 zilihesabika kwa macho kutoka barabarani, moja baada ya moja, kwa miezi mingi. Kisichoonekana barabarani kilikuwa ni namba ya kibali.