Jina la Kuazima

Wahenga walisema chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Methali hii tumekaririshwa tangu shule ya msingi na sijawahi kumsikia mtu akiibishia. Leo naibishia mimi. Kuna neno limeuzwa sokoni kwa zaidi ya miaka elfu mbili, limevuka bahari, limebandikwa kwenye vyombo vya kila namna, na kile chema kilicholipa sifa hapo mwanzo kilishanywewa kikaisha zamani. Linalojiuza hadi leo ni jina. Neno lenyewe ni Falernum.

Wengi wenu hamjalisikia, na wala si aibu. Siku hizi ni jina la shira: sukari iliyopikwa ikawa nzito, ikatiwa ndimu, tangawizi, lozi na karafuu, mara nyingi na ramu, ambayo watu wa kaunta huimimina kwa kipimo katika kokteli. Kwao ni Barbados, kisiwa kidogo cha Karibi. Mtoto wa pwani akilambishwa ile isiyo na kileo hatashtuka. Atadhani mtu kachanganya shira ya kaimati na sharubati ya ndimu, kisha karafuu za pilau zikamdondokea humo. Na tukiwa hapo hapo kwenye sharubati: neno letu hili na lile la Wazungu, siropu, yote mawili yametoka katika mzizi mmoja wa Kiarabu wenye maana ya kunywa. Kwa hiyo nikisema maneno husafiri na kubadili kazi, sizungumzii ya wenzetu tu.

Mshikaji wangu mmoja anayesimama kaunta katika hoteli fulani hapa Dar es Salaam huitamka falenamu. Kiswahili hakipendi neno limalizikie kwenye midomo iliyofungwa, basi nami nitaandika hivyo hivyo: falenamu kwa shira, Falernum kwa kile kilichotangulia. Nafanya hivi kwa makusudi, maana ndilo swali langu lote. Mtu akichukua jina la kitu cha mwenzake akakipachika chake, ameiba, amedanganya, au amerithi?

Kilichotangulia ni mvinyo. Ulitoka kwenye miteremko ya mlima Massico, katika eneo la Campania kusini mwa Roma, na kwa Warumi hapakuwa na mvinyo wenye jina kubwa kuuzidi. Plinius Mkubwa, yule mwandishi aliyekufa mwaka 79 B.K. Vesuvio ilipolipuka, aliandika kwamba ni mvinyo pekee uliowaka ukisogezewa moto. Pompeii, kwenye ukuta wa kilabu kimoja, ipo bei yake imeandikwa: mara nne ya kinywaji cha kawaida. Yaani hata mlalahoi wa Pompeii, ambaye hangeuonja hadi anakufa, alijua jina lake na alijua ni ghali. Hapo ndipo matatizo yanapoanza. Jina likishajulikana na watu wengi kuliko wanaoijua ladha, mlango wa wajanja uko wazi.

Na wajanja waliingia. Plinius huyo huyo alilalamika kwamba tabia za watu zimefika mahali pa kuuza majina ya mvinyo tu, huku mvinyo wenyewe ukichakachuliwa tangu ukiwa kwenye mapipa ya kukamulia. Miaka elfu mbili iliyopita, jamani! Halafu kuna riwaya ya Petronius, Satyricon, ambayo kila mwenye ndoto ya kuandika riwaya angefaa kuijua walau kwa tukio moja. Tajiri wa juzi juzi aitwaye Trimalchio anawaletea wageni chupa zenye vibandiko vya kutangaza kwamba ni Falernum ya Opimius, umri wake miaka mia. Opimius alikuwa konsuli mwaka 121 K.K., na riwaya hii ni ya zama za mfalme Nero. Piga hesabu mwenyewe: mvinyo wa Opimius ungekuwa umekaribia miaka mia na themanini. Tena nani huandika umri wa miaka mia siku anayoziba chupa? Petronius hasemi kwamba mwenyeji ni mwongo. Anakionyesha kibandiko tu, basi. Kwangu mimi huo ni uandishi.

Sasa tuvuke bahari. Kampuni ya John D. Taylor ya Bridgetown, Barbados, huhesabu umri wa falenamu yake kuanzia mwaka 1890. Ilikuwaje shira ya ndimu na karafuu ikapewa jina la mvinyo wa Kirumi? Kule Barbados husimuliwa kisa kitamu: kwamba mama mmoja mtengenezaji aliulizwa kichanganyo chake kinatengenezwaje, naye akajibu kwa Kiingereza cha kisiwani, haf a learn um, sharti ujifunze, na jibu likageuka jina. Mimi kisa hiki nakipenda lakini sikiamini. Kinafanana mno na kile cha waragi ya Uganda, ambayo watu husema jina lake ni war gin, jini ya vita, wakati neno la Kiarabu araki limekaa pale pale likitazama. Watu hupenda neno lizaliwe nyumbani. Naona ni rahisi zaidi kwamba mtu fulani aliyechapwa viboko vya Kilatini shuleni alionja, akatabasamu, akataja kitu kikubwa kuliko vyote alivyovisoma.

Katika kikundi chetu cha waandishi suala hili lilitugawa. Mmoja wetu, mpinzani wangu wa kudumu, alitoa hoja ambayo hadi leo inanikaa kichwani. Alisema maneno ni mitumba. Shati ulilonunua Karume lilishonwa kwa ajili ya mtu wa Ulaya, kifuani lina jina la timu usiyoijua, lakini ukishalifua na kulivaa ni lako, na hakuna wa kukuita mwizi. Mwingine akamkatiza: sawa kaka, lakini ukilivaa ukaenda kuwaambia watu kwamba wewe ni mchezaji wa ile timu?

Hapo nadhani ndipo penye kiini. Chukua konyagi. Jina limetoka Cognac, mji wa Ufaransa ambako brandi hutolewa kwenye zabibu. Konyagi yetu ya Tanzania haina undugu na zabibu. Imetoka kwenye miwa. Je, kuna mtu ameketi Sinza na glasi yake akiamini kwamba anakunywa Ufaransa? Hayupo. Neno limehama, limepanga chumba, limeoa, na kila mtaa unajua maana yake. Falenamu ni hivyo hivyo. Hakuna Mbarbados aliyenunua chupa akitarajia kukuta zabibu za Massico ndani. Anataka ndimu na karafuu, na ndicho anachopewa. Wale wafanyabiashara wa Plinius walichukua jina hilo hilo wakamwachia mnunuzi aondoke akiwa amedanganyika. Kuazima ni kule kule, ila mmoja anataka msikilizaji asijue na mwingine hana haja ya kumficha. Waitaliano nao, wakitaka jina lirudi mlimani kwake, walitumia sheria: tangu 1989 kuna mvinyo wa Falerno del Massico unaolindwa kwa jina la mahali unapotoka. Haki yao. Shira ya Barbados haikuwapunguzia chochote.

Laiti ningeishia hapa ningelala vizuri. Lakini kuna ile karafuu.

Karafuu haikuota Unguja tangu enzi za Adamu. Kwao ni visiwa vya Maluku, katika Indonesia ya leo. Ililetwa kwetu mwanzoni mwa karne ya 19, na chini ya Sayyid Said mashamba yakatanda Unguja na Pemba. Karafuu huchumwa kabla ua halijafunguka, huchambuliwa makonyo yake, huanikwa juani kwenye majamvi hadi igeuke rangi. Ni kazi ya mikono mingi, na mikono ile ilikuwa ya watumwa kutoka bara. Kimbunga cha 1872 kiliing'oa mikarafuu ya Unguja, Pemba ikawa ndiyo shamba kuu. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa 1873, lakini utumwa wenyewe sheria iliendelea kuutambua hadi 1897. Kwa hiyo mwaka 1890, ule unaohesabiwa kuwa mwaka wa kuzaliwa falenamu ya Taylor, sehemu kubwa ya karafuu za dunia ilitoka visiwani mwetu, na wengi wa waliozichuma hawakuwa na haki ya kusema leo nimechoka, siji.

Na sukari je? Waingereza walikaa Barbados mwaka 1627, na kuanzia miaka ya 1640 kisiwa kikageuzwa shamba la miwa kwa jasho la Waafrika walionunuliwa. Sheria ya kuwaachia huru ilianza kazi tarehe 1 Agosti 1834, na hata hapo walifungwa kwa mabwana wao hadi 1838 kwa kisingizio cha kujifunza kazi. Rudi sasa kwenye mlima wa zabibu, maana hata huko hapakuwa pasafi. Ardhi ile Warumi waliipokonya kutoka kwa watu wa Capua, na mashamba makubwa ya Campania yalilimwa na watumwa. Spartacus, mwaka 73 K.K., alianzia uasi wake hapo hapo Capua.

Nilipoviweka vitu hivi pamoja juu ya meza moja, jina likabadilika mdomoni mwangu. Nilikuwa nikiuliza kama kuazima jina ni uongo. Likaja swali jingine gumu zaidi: je, kunyamaza ni uongo? Kibandiko kinakutajia Roma, mji wa washairi na mabwana, lakini karafuu, ambayo ndiyo harufu yenyewe unayoinusa ukifungua kizibo, haikutajii ilichumwa na nani. Jina limepanda ngazi, wachumaji wamebaki chini ya mti.

Mpinzani wangu husema nachanganya mambo. Kibandiko ni kibandiko, asema. Pilau pia ina karafuu, mbona huli ukilia? Ana haki. Simdai mwenye kiwanda aandike historia kwenye chupa, na sitamnyima mtu glasi yake. Lakini aliyekaa kuandika riwaya hawezi kujificha nyuma ya kiwanda. Sisi bidhaa yetu ni maneno. Ukiliweka neno kwenye ukurasa kwa sababu linang'aa tu, kwa sababu mhusika wako akiagiza kokteli yenye falenamu ataonekana wa mjini, basi wewe ni Trimalchio, na tofauti yenu ni kwamba yeye alikuwa na chupa.

Na hili nalisema kwa sababu nasoma sana miswada ya vijana wenzangu. Mashujaa wanatua London, wanakodi gari ambalo mwandishi hajaliona, wanakunywa vinywaji ambavyo mwandishi hajui ni vya moto au vya baridi. Dawa yake si kuwafungia wote kijijini. Hollywood kwenyewe, miaka ya 1930, bwana mmoja aliyezaliwa Ernest Gantt akajipa jina la Donn Beach, akafungua baa iliyopambwa ionekane kama visiwa vya Pasifiki, na katika kokteli yake iitwayo Zombie akatia falenamu. Shira ya Karibi, jina la Roma, mapambo ya Pasifiki, mteja wa Marekani! Fomula zake alizificha hata kwa wafanyakazi wake, akawapa chupa zenye majina ya siri wamimine bila kujua. Ungeweza kuandika riwaya nzima ndani ya baa ile, na ingekuwa ya kweli kabisa, mradi ujue nani hajui nini.

Mimi katika mswada wangu ninaye msichana wa Wete, Pemba, aliyepata kazi kaunta mjini. Bibi yake alichuma karafuu kwa pishi maisha yake yote. Siku ya kwanza anakabidhiwa chupa ya falenamu na kuambiwa ni kitu cha Ulaya, asipoteze hata tone. Anafungua. Nimeandika ukurasa huo mara sita. Katika nakala ya kwanza nilimpa hotuba ndefu kuhusu utumwa, nikaifuta, maana hakuna mtu anayehutubu zamu ya kwanza mbele ya msimamizi. Sasa ananusa tu, anamtazama msimamizi, anauliza kama hiki kitu cha Ulaya huwa wanakianika siku ngapi.

Wenzangu wa kikundi wanataka neno falenamu liwekewe maelezo chini ya ukurasa, ili msomaji asipotee. Nimekataa, na ubishi unaendelea Jumamosi.